Picha Yangu Kwenye Fomu ya Mke Wako

Kaka Anaeli,

Shikamoo. Hiyo ndiyo heshima pekee utakayoipata kwenye barua hii, kwa hiyo ipokee vizuri. Nilikuwa nimeapa nisikuamkie kabisa, lakini mkono umeandika wenyewe. Mkubwa ni mkubwa hata akiwa kaburini.

Nakuandikia nikiwa jikoni kwangu Kimandolu, mchana wa Jumatano, saa ambazo ningekuwa usharikani ofisini naandika vyeti vya ubatizo. Siko ofisini kwa sababu yako. Nitakueleza yote taratibu, tangu mwanzo, na safari hii utasikiliza mpaka mwisho. Ulikuwa na tabia mbaya wewe. Mazungumzo yakianza kukuelemea unakumbuka kwamba ng'ombe hajanyweshwa. Leo huna ng'ombe wa kunywesha.

Tangazo la mnada lilibandikwa mlangoni kwako ukiwa hai. Wifi alirudi kutoka kukata majani akakuta karatasi yenye jina lako, namba ya hati na siku ambayo dalali angekuja kuuza nyumba na kihamba chote cha migomba, kuanzia barabarani mpaka mtoni. Alidhani wamekosea mlango. Alipokuuliza ukamwambia ni karatasi tu hiyo, utaongea na watu wa benki. Siku kumi baadaye presha ikakuangusha pale bandani, ukaondoka bila kuongea na watu wa benki, wala na mkeo, wala na mimi. Watu wa Akheri wanasema kaka yangu aliuawa na mawazo. Mimi nasema ulitoroka.

Tulikuzika kando ya Baba, ndani ya kihamba hichohicho ulichokiweka rehani. Baba mdogo alisimama akasema ulikuwa mtu mnyoofu, mpenda familia, mtu wa neno moja. Watu wakaitikia. Mimi nilikuwa nimemshikia mchungaji mwavuli, nikainama kuangalia viatu vyangu. Katika umati ule wote tulikuwa wawili tu tuliojua kilichoandikwa kwenye makaratasi ya benki: mimi, na yule afisa mikopo wako, aliyekuja msibani na miwani ya jua, akala, akanipa mkono wa pole. Akaniita shemeji.

Hebu tukumbushane, maana wafu nasikia mnasahau.

Wifi alikuwa amekataa. Ulimwomba asaini ridhaa ili uchukue mkopo ununue Fuso, akakujibu kwamba kihamba hakiendi benki, ukitaka gari uza ng'ombe. Alisema mara moja tu. Unamjua Mama Doreen, harudii. Ndipo ukaja ofisini kwangu umebeba mkungu wa mshare begani, na mimi nilipouona tu nikajua kuna jambo, kwa sababu hujawahi kuniletea ndizi bure.

Ulivuta kiti ukasema, "Mdogo wangu, ni sahihi tu. Kitambulisho chako kina jina letu la ukoo. Cha Mama Doreen kina jina la baba yake wa Machame, kule benki kitaleta maswali."

Nimeyarudia maneno hayo kichwani miaka yote hii. Mwanamke uliyefunga naye ndoa kanisani, aliyekuzalia watoto watatu, aliyemuuguza Mama mpaka pumzi ya mwisho, kitambulisho chake kingeleta maswali. Mimi niliyelala tumbo moja na wewe, changu hakikuleta swali hata moja. Uliona ni ujanja. Uliniambia kabisa, huku unacheka, kwamba Mungu ametusaidia wote wawili tuna jina moja.

Na nikakubali. Unajua kwa nini nilikubali. Uliuza mtamba wako ili niende chuo cha uhazili, yule mtamba wa madoa aliyekuwa ametengwa kwa mahari yako. Hukuwahi kunikumbusha kwa mdomo. Ulinikumbusha kwa kutonikumbusha, na hilo ni baya zaidi.

Nimesikia huko mtaani kuna wanaonihurumia, wanasema maskini, alidanganywa na kaka yake. Sikudanganywa. Kazi yangu ni kusoma karatasi kabla ya kugonga mhuri. Pale benki nilisoma kila neno. Jina lilikuwa langu, picha ile ndogo ilikuwa yangu, kitambulisho changu, sahihi yangu. Uongo ulikuwa neno moja tu kwenye fomu nzima, kwamba mimi ni mke. Nilipofika hapo mkono ukasita. Ukanikanyaga mguu chini ya meza, kidogo tu, kama tulivyokuwa tukikanyagana kanisani utotoni mmoja akianza kusinzia. Nikasaini. Kiapo kilichoambatanishwa kilikuwa kimeshagongwa mhuri wa wakili ambaye mpaka leo sijamtia machoni.

Na yule afisa wako alikuwa amekaa mbele yetu na suti yake ya bluu. Miezi michache kabla ya siku hiyo alikuwa kwako Akheri, kwenye kipaimara cha Doreen. Nilikuwepo. Wifi ndiye aliyemnawisha mikono, akampakulia loshoro ya mahindi na maziwa ya mgando, akamwongezea nyama mara mbili, na yeye akasema kwa sauti kubwa, "Shemeji, kwa chakula hiki mimi nahamia Akheri." Siku hiyo ananitazama mimi usoni na kunionyesha pa kusaini: "Hapa shemeji, na hapa." Wewe ukashindwa kujizuia. Ukamwambia, "Usimwangalie sana pua, tunafanana, tutakamatwa." Naye akajibu bila kuinua macho, "Mzee, mimi naangalia karatasi, siangalii pua." Mkacheka wote wawili. Kaka, mlicheka. Nilitoka pale nikanunua soda barabarani nikaiacha hapohapo dukani.

Yaliyofuata unayajua kuliko mimi. Fuso ilipiga safari za vitunguu na viazi, ikaanza kula vipuri, kisha injini ikafa, na marejesho yakafa nayo. Barua za benki ulikuwa unazificha kwenye gunia la pumba. Wifi alizikuta baada ya msiba, moja baada ya nyingine, zimelowa. Na bima ya mkopo ambayo wote tuliitegemea baada ya kifo chako, walisema haikuhusu tena kwa sababu ulikuwa umeshaacha kulipa.

Mkeo hakulia sana, Anaeli. Alimaliza matanga, akavaa gauni lake la kitenge, akashuka mjini, akafungua shauri Baraza la Ardhi na Nyumba. Dai lake lilikuwa fupi. Yeye ndiye mke, hakuridhia, kwa hiyo rehani ni batili na nyumba isiuzwe. Baraza likatoa zuio la muda mpaka shauri lisikilizwe.

Unajua nani alimsindikiza kila tarehe? Mimi. Nilikuwa nambebea bahasha ya nyaraka na chupa ya chai. Tarehe ikiahirishwa tunarudi, tarehe nyingine tunakwenda, tunakaa benchi moja, tunagawana andazi. Ananiambia, "Wifi, bila wewe ningeshachanganyikiwa." Nami naitikia, "Usijali." Nilijidanganya kwamba namsaidia. Nadhani nilitaka tu niwepo siku hiyo fomu itakapotolewa, ingawa sijui ningefanya nini. Niinyakue nikaitafune?

Siku yenyewe wakili wa benki alisimama, mtu mpole, mwenye sauti ya kufariji wagonjwa, akasema benki ilipata ridhaa ya mke wa mkopaji, tena kwa kiapo. Kama mama huyu naye anajiita mke, basi huenda marehemu alikuwa na wanawake zaidi ya mmoja, na benki haina kazi ya kuwahesabu. Alisema hivyo mbele ya mkeo mwenye cheti cha ndoa mkononi. Ulimpa mtu mdomo wa kumwita mkeo hawara, Kaka. Hilo nalo liandike huko uliko.

Kisha ile fomu ikaletwa kama kielelezo. Wakili wa Wifi, binti mdogo tu lakini makini, akampa aiangalie aseme kama yule kwenye picha ni yeye. Wifi akavaa miwani. Akaangalia. Akaivua miwani, akaifuta kwa kitenge, akaivaa tena. Halafu akageuka kwenye benchi akanitazama, na mimi nikajua kila kitu kimekwisha.

Akasema, "Huyu ni wifi yangu."

Mwenyekiti wa Baraza hakuelewa. Akamwambia arudie.

"Huyu ni wifi yangu, dada wa marehemu. Yupo hapa ndani. Ndiye amenishikia chai."

Hakupaza sauti. Angenitukana ningeshukuru. Alipotoka alichukua bahasha yake mikononi mwangu, chupa akaniachia, akashuka ngazi peke yake. Nilirudi Kimandolu kwa miguu.

Benki ikageuka siku hiyohiyo. Kumbe na yenyewe imedanganywa! Marehemu na dada yake ndio wahalifu, benki yenyewe iliuliza kuhusu mke, ikaletewa mke, ikaamini kwa nia njema, na aliyetenda kwa nia njema hapaswi kupoteza rehani yake. Yule binti wakili alimweleza Wifi wazi kwamba hilo ndilo jiwe lililobaki njiani. Baraza likiamini kwamba afisa hakujua, nyumba inaweza kwenda. Na afisa alikula kiapo kwamba hajawahi kumwona Mama Doreen maishani mwake. Alisema siku aliyopanda Akheri na mthamini, mke aliyempokea alikuwa mimi. Tukapekua picha zote za kipaimara, tukaangalia na mkanda mzima wa video. Hayumo. Alikuwa amekaa nyuma ya turubai karibu na nyama, na kamera hazikufika huko.

Kwa hiyo likabaki neno la Wifi dhidi ya neno lake. Ukimwacha yeye, aliyekuwepo kwenye kipaimara na mezani benki, na bado anapumua, ni mmoja tu.

Nilimwendea Baba mdogo kwanza. Nilitaka anipeleke kwa Wifi na isale, lile jani la kuombea msamaha, maana unajua kwa kosa kubwa mtu hajipeleki mwenyewe, anatanguliwa na mzee. Alinisikiliza, akachokonoa meno, akasema, "Huyo ni mwanamke wa kuja. Wewe kaa kimya, usimvue marehemu nguo. Mnada ukifika ukoo utajua namna ya kukinunua kihamba." Ukoo maana yake yeye. Alikuwa ameshaanza kuuza mahindi yake apate fedha za mnada. Nikaelewa kwa nini alikusifia sana siku ya mazishi.

Basi nikakata jani la isale mwenyewe, kwenye mpaka wa chini wa kihamba, nikalifunga fundo, nikapanda kwa Wifi peke yangu kama mtu asiye na watu. Alikuwa uani anamenya ndizi. Aliniona getini nimelishika lile jani kwa mikono miwili. Akaendelea kumenya. Alimenya mkungu mzima, Anaeli, mpaka kidole cha mwisho, na mimi nimesimama juani, majirani wanapita wanasalimia na kugeuza shingo. Kisha akanawa, akajifuta, akaja.

Kwetu ni hivyo na kwao Machame ni hivyo, anayeletewa isale halikatai, hata kama aliyelileta ameua. Alilichukua. Akasema, "Nimelipokea kwa sababu ni isale. Siyo kwa sababu ni wewe."

Nikasema asante.

Akasema, "Sasa nenda kaseme."

Hakunikaribisha kukaa, wala mimi sikutegemea kiti.

Siku ya ushahidi yule binti wakili alinivuta pembeni akanionya kwamba nikisema nitakuwa nimejifunga mwenyewe, na yeye ni wakili wa Wifi, hawezi kunilinda. Mwenyekiti naye akanikumbusha kwamba si lazima nijibu jambo litakaloniingiza hatiani. Watu wote walikuwa wema kwangu siku hiyo, wananifungulia milango ya kukimbilia. Nilimwona yule afisa amekaa mstari wa mbele na miwani yake ileile juu ya paji la uso, anachezea simu, na nikiri kwamba ni hasira ndiyo iliyonisimamisha, si utakatifu.

Nilisema yote. Nilisema kuhusu mkungu wa mshare na kitambulisho. Nikaeleza loshoro na nyama ya kuongezwa na ile ahadi ya kuhamia Akheri. Niliposema habari ya pua, mwenyekiti aliacha kuandika akaniangalia, kisha akaiangalia kwa muda mrefu picha yako iliyobandikwa kwenye maombi ya mkopo. Akaandika tena.

Wakili wa benki akainuka na sauti yake ya hospitali.

"Kwa hiyo wewe ni mwongo?"

Nikasema ndiyo.

"Uliapa kwamba ni mke wa kaka yako wa kuzaliwa?"

Ndiyo.

"Sasa leo tukuamini kwa sababu gani?"

Nikamwambia, "Siku ile nilidanganya nikapata mkungu wa ndizi. Leo nasema kweli nitapata polisi. Piga hesabu mwenyewe." Watu wa nyuma wakacheka, mwenyekiti akagonga meza, na yule afisa akaacha kuchezea simu. Wifi hakucheka. Alikuwa ameangalia mbele tu.

Sasa nikuambie bei yake. Mchungaji aliniita siku mbili baadaye. Alikuwa na huzuni ya kweli, simlaumu. Nimetengwa. Sishiriki meza ya Bwana, siimbi kwaya, na ofisini wamenisimamisha mpaka wazee wa kanisa wakae. Siku ya kurudi kundini nitasimama mbele ya usharika mzima nitubu kwa sauti, kama wale wasichana wa mimba na wale wanaume wa pombe ambao kwa miaka kumi na tisa nimekuwa nikiwaandikia majina yao kwenye daftari. Jina langu litaandikwa na binti waliyemweka kwenye kiti changu, ambaye hajui nukta inawekwa wapi. Polisi nao wamefungua jalada la kiapo cha uongo. Naripoti kila Jumatatu. Nakaa kwenye benchi refu na vijana walioiba simu, nao wananiamkia vizuri kabisa.

Afisa wako amehamishiwa tawi lingine. Nasikia ni kubwa kuliko lile.

Hukumu imesomwa wiki iliyopita. Rehani ni batili. Mwenyekiti alisema mtu aliyenawishwa mikono na mke wa nyumba hawezi kuja mbele ya Baraza kusema hakumjua mke huyo. Benki itafute deni lake kwa njia nyingine, lakini nyumba na kihamba visiguswe. Wamesema watakata rufaa Mahakama Kuu, na hati yenyewe bado wameikalia, kwa hiyo sisemi kwamba vita imekwisha. Lakini dalali hatakuja. Watoto wako wamelala kwao. Na wewe umelala kando ya Baba kwa juhudi za mwanamke ambaye kitambulisho chake kingeleta maswali. Kama kaburini watu huona haya, anza sasa.

Baba mdogo amekuja kumpongeza Wifi. Anasema tangu mwanzo alikuwa upande wake. Wifi alimpa chai, akamwambia yale mahindi aliyoyauza anunue mengine kabla bei haijapanda.

Mimi Wifi haniongeleshi bado. Nilimsalimia barazani baada ya hukumu, akaitikia kwa kichwa. Namwelewa. Isale linazuia kisasi, halilazimishi mtu akupende.

Kuna jambo linaniudhi kuliko yote, na ni bora nilitoe. Nakukumbuka. Nakuchukia kuanzia asubuhi, halafu napita mahali wanachoma ndizi, au mvua inashuka kutoka mlimani, nakukumbuka. Nakukumbuka ukinibeba mgongoni kuvuka mto masika yale niliyokuwa darasa la kwanza, maji yamekufika kiunoni, viatu vyangu umeving'ata kwa kamba ili visilowe. Ulikuwa na miaka kumi na miwili. Meno yako yalikuwa yanatetemeka na hukuviachia. Sijui nimweke wapi yule mtoto. Nikijaribu kumweka pamoja na yule mzee aliyenikanyaga mguu chini ya meza, sioni... Sioni walipokutana. Wewe ulikuwa yupi? Ungekuwa mbaya tangu mwanzo ningepumzika.

Nilitaka kuishia hapo, lakini jana Doreen alikuja.

Amemaliza kidato cha sita, amekuwa mrefu, ana pua yetu. Alikuja peke yake, mama yake hajui. Nilimpikia chai, akaizungusha kikombeni weee mpaka ikapoa. Kisha akauliza, "Shangazi, siku ile baba alipokupeleka benki, alijua sisi tunaweza kufukuzwa?"

Kaka, nilikuwa na jibu tayari, tamu kabisa. Ningemwambia baba yako alikuwa na haraka, hakuelewa makaratasi, aliwapenda, alifanya kwa ajili yenu. Lilikuwa limeshafika mdomoni. Binti amefiwa, ana miaka kumi na tisa, nani angenilaumu? Lakini yule afisa alitusomea, Anaeli, kabla hatujasaini. Ni kitu pekee alichofanya kihalali siku hiyo. Alisema mkishindwa kulipa nyumba itauzwa na waliomo watatoka, mmeelewa? Wewe ukasema tumeelewa. Hukusema nimeelewa. Ulisema tumeelewa, na mimi nikatikisa kichwa.

Nikamwambia Doreen, "Alijua. Na mimi nilijua."

Hakulia. Aliweka kikombe chini, akasema, "Mama aliniambia nisikuulize, utanidanganya." Kisha akainuka akavaa viatu. Akaenda zake.

Kwa hiyo pokea ahadi yangu, ndiyo sababu nimekuandikia. Wadogo zake wawili nao watakua, watakuja kuuliza. Nitawajibu kama nilivyomjibu dada yao. Sitakuongezea kosa ambalo hukulifanya, na habari za mtoni nitawasimulia pia, kwa sababu ni za kweli. Lakini sitakupunguzia hata kidogo, msibani, mahakamani, wala mbele ya usharika siku nitakayosimama. Wakiuliza nilisaini kwa ajili ya nani, nitataja jina lako lote.

Sasa lala. Siwezi bado kukuambia lala salama, usinidai. Na kama Mama yuko huko uliko, mweleze mwenyewe ulivyowafanyia mkeo na watoto wako. Mimi nimemaliza kukusemea.

Mdogo wako,
Elifuraha